Mjadala: Shetani wa mpingo akae chumba kimoja na lipiko, au abaki dukani?

Wakuu, salaam kutoka Mtwara mjini. Naleta jambo hili hapa kwa sababu kikaoni limetushinda.

Kata yetu imepata chumba cha kuhifadhia vitu vya asili. Tayari kuna mitungi, ngoma, ndonya (vipande vya mti vya kuvaa mdomoni) za bibi zetu na lipiko mbili, yaani vinyago vya Kimakonde vya jando vya kuvaa kichwa kizima. Juzi mzee mmoja mchongaji akaleta shetani wa mpingo, yaani sanamu ya kiumbe cha ajabu, kazi ya mwaka huu huu. Kamati ikagawanyika pale pale. Wengi wakasema hicho ni cha watalii, kiende dukani, chumba ni cha vitu halisi. Mimi nilikuwa upande wa wachache, na hapa sijifanyi refa.

Nieleze ninakotoka. Kuna mwanahistoria wa sanaa Mmarekani, Sidney Kasfir, aliyefundisha Chuo Kikuu cha Emory kule Atlanta. Mwaka 1980 aliandika makala kuhusu wachongaji wa Kimakonde na wanunuzi wao. Mwaka 1992 akaandika nyingine iliyozua ubishi mkubwa, juu ya hilo hilo neno "halisi". Hoja yake kwa Kiswahili cha barazani ni hii: wakusanyaji wa Ulaya na Marekani waliikata historia yetu vipande viwili. Kabla ya mkoloni kila kitu kilikuwa safi, hakina jina la fundi, eti kimetengenezwa na kabila zima. Mkoloni alipoingia na pesa yake, kila kitu kikaharibika. Sasa anauliza, nani alitoa hukumu hiyo? Si aliyechonga, wala si aliyevaa akacheza. Ni mnunuzi, na mnunuzi ana maslahi yake, maana kinyago cha "kale" kisicho na jina ndicho chenye bei.

Mnaodhani hayo ni mambo ya vitabuni, sikilizeni. Miaka michache nyuma nilimkuta ndugu yangu mmoja kijijini kaning'iniza lipiko juu ya mafiga. Mti mwepesi, chale za usoni zimeumbwa kwa nta, nywele za kweli zimebandikwa utosini. Moto wa kuni za mkorosho unafuka, na kila ukipanda anakivuta juu kwa kamba, nta isiyeyuke. Pembeni ana sahani ya udongo mwekundu uliochanganywa na mafuta. Nikamuuliza, vipi tena? Akasema, "Nakizeesha." Mnunuzi kakikataa kikiwa kipya.

Wiki mbili za moshi, kikawa halisi. Na moja kati ya lipiko mbili tulizonazo chumbani ni hicho, kilirudi kwa sababu mnunuzi hakutokea. Kamati haijui. Au sasa inajua.

*Kijana wa Masasi:*
Mkuu, hoja nzuri ila unaipindisha. Nenda Mwenge, Dar, uangalie ile miti ya ujamaa, watu wamepandana mabegani kuanzia chini hadi juu. Utahesabu mia inayofanana, na mingine si mpingo hata kidogo, ni mti mweupe uliopakwa rangi ya viatu. Utumbukize kwenye ndoo ya maji uone kama utazama. Fundi yule hachongi alichokiota, anachonga kilichouzika jana. Huyo mama wa Marekani anataka tuite kila kitu sanaa?

*Mleta mada:*
Hapana, na ya ndoo nimeipenda, mpingo wa kweli hauelei, unakwenda chini kama jiwe. Lakini tazama mwanzo wa hao mashetani. Mwishoni mwa miaka ya 1950 kuna mchongaji, Samaki Likankoa, aliyekuwa akimuuzia kazi Mohamed Peera, mfanyabiashara wa vinyago Dar es Salaam. Inasimuliwa kuwa sanamu yake ya mtu ilivunjika mkono, na badala ya kuitupa akaigeuza kuwa kiumbe cha ajabu. Peera akakipenda, akataka vingine. Vikazaliwa vya jicho moja, vya masikio mdomoni, vya tumbo lililotoboka. Mnunuzi alikuwepo tangu siku ya kwanza, sawa. Ila hakushika patasi. Wazo lilikuwa la Samaki.

Na lipiko je? Lilikuwa linajichonga lenyewe? Wazee wa jando waliliagiza, fundi akalipwa. Kila kinyago kina mwenye kuagiza. Tofauti ni kwamba mwagizaji wa kwanza tunamwita mila na wa pili tunamwita soko. Kuhusu vya mia vinavyofanana nakubali, visiingie. Tuvikatae kwa kuwa ni vibaya, tusivikatae kwa kuwa ni vya mwaka huu.

*Jirani wa Ruvuma:*
Nipite haraka. Wengi wa waliochonga hao mashetani na ujamaa ni Wamakonde waliovuka Ruvuma kutoka Msumbiji, hao mnaowaita Wamawia mkitaka kuwacheka. John Fundi ni mmoja wao, kazi zake zilionyeshwa Paris mwaka 1989 kwenye maonyesho makubwa yaliyochanganya wasanii wa dunia nzima. Mkibandika ukutani "sanaa ya Mtwara" tu, mmetufuta.

*Mleta mada:*
Haki yako, tutaandika ng'ambo na huku. Na hata wa huku tumewasahau. George Lilanga, Mmakonde wa kusini, mzaliwa wa 1934, alianza Nyumba ya Sanaa kule Dar akiwa mlinzi wa usiku. Alipofariki 2005 picha zake zilikuwa kwa wakusanyaji wa Ulaya, wale mashetani wake wenye masikio makubwa na rangi za kung'aa. Hapa kwetu hatuna hata nakala yake ya karatasi.

*Somo wa Mikindani:*
Wanangu, mnabishana mpingo na moshi, mnapita kando ya jambo lenyewe. Neno kinyago na neno unyago si watu baki. Lipiko ni la jando. Sisi wanawake tulilelewa tuamini mle ndani hakuna mtu, kuna kitu kimetoka makaburini. Tulikimbia kweli kweli. Leo mnalilaza mezani, mtoto wa darasa la tatu analishika pua, halafu mnaulizana kama shetani wa dukani atalivunjia heshima! Kabla hamjauliza nani aingie, ulizeni nani atoke.

La pili. Hiyo mitungi yenu nani kaifinyanga? Mmetaja Samaki, mmetaja Fundi, mmetaja Lilanga. Mitungi imefinyangwa na wanawake, na wengine wako hai, mnapishana nao sokoni. Huyo mama yenu msomi analalamika kwamba wazungu walifuta majina. Nyie mmefuta ya nani?

*Mleta mada:*
Shikamoo somo. Hapa umenibana.

Nijitetee kidogo tu. Siri hiyo ilishatoka zamani. Karl Weule, Mjerumani, alizunguka Lindi, Masasi na Newala mwaka 1906 akakusanya vitu, vinyago vikiwemo, vikaenda Leipzig. Mwaka 1984 kinyago cha Kimakonde kiliibwa Makumbusho ya Taifa Dar es Salaam, mwaka uliofuata kikanunuliwa na jumba la makumbusho la Barbier-Mueller la Geneva, kikarudishwa nyumbani 2010. Wageni wameshalitazama lipiko hadi wamechoka, wajukuu wa Mikindani ndio wazuiwe?

*Somo wa Mikindani:*
Kuibiwa si ruhusa, mwanangu.

*Mleta mada:*
Sina jibu la hilo, na ninaandika haya nikiwa nimebadilika kuliko nilivyoanza. Kikao kingine ni Jumatano. Nitapendekeza lipiko la kweli lifungwe kwenye kaniki mpaka wazee wa jando na akina somo wa unyago waulizwe, tena wakisema litoke, litoke. Mitungi tuitafutie wenyewe, mmoja mmoja. Shetani wa mzee aingie, na jina lake, na kijiji chake.

Limebaki lile la moshi. Nimempigia simu ndugu yangu jana usiku, nikamwambia nimemwaga siri yake mbele za watu. Akacheka hadi akakohoa. Nikamuuliza basi tulitoe? Akasema lisitoke, lile halina siri ya jando, halijawahi kuvaliwa na mtu. "Liacheni mezani, watoto washike pua watakavyo. Ila mkiandika kikaratasi, andikeni nimelichonga mimi, na moshi ni wangu."