Acheni kuwaita wachezaji wa madaraja ya chini Uingereza "waliofeli", mnakera!!

Wakuu salaam. Sijaja kubembeleza mtu leo, nimekuja na hasira zangu na nitaandika hadi ziishe, asiyependa uzi mrefu apite tu kimyakimya.

Kuna jamaa kwenye group moja la soka katupia picha ya Pelly Ruddock Mpanzu yule kiungo aliyepanda na Luton Town hadi Ligi Kuu ya Uingereza, akiwa na jezi ya Rotherham, halafu kaandika "huyu si alikuwa Premier? kaishia huku 😂😂". Basi watu wakamiminika na vikatuni vya kucheka, mmoja anasema garasa, mwingine anasema eti alibahatisha, mwingine anauliza kwani huyo nani. Huyo wa mwisho ndo angalau mkweli. Wengine wote mnajifanya mnamjua na hamjawahi kumuangalia hata dakika kumi.

Sasa ngoja niwaambie mnayemcheka ni nani.

Huyu dogo ni mzaliwa wa Hendon pale London, asili yake Congo, jina lenyewe tu linakwambia. Kaanzia Boreham Wood, akapita West Ham, West Ham hawakuwa na nafasi naye. Mwishoni mwa 2013 wakampeleka kwa mkopo Luton Town na Januari 2014 akabaki huko jumla. Na hiyo Luton ya 2013 msiifikirie kama Luton mliyoijua kwenye mchezo wa fantasy wa Ligi Kuu, ilikuwa daraja la TANO. Timu ilishuka madaraja matatu mfululizo, 2007, 2008, 2009, na msimu ule wa mwisho ilianza ligi ikiwa imekatwa pointi 30. Thelathini! Ukikatwa hizo hata ucheze kama Brazil unashuka tu, na wakashuka kweli, wakakaa miaka mitano nje ya ligi za kulipwa zenye majina wakihangaika na timu ambazo ninyi hata kwenye mkeka hamzioni.

Na daraja la tano la Uingereza, wenyewe wanaliita National League, kutoka siyo mchezo. Timu 24, zinazopanda ni 2 tu, bingwa anaenda moja kwa moja na ya pili inapatikana kwa mchujo. Yaani unaweza kumaliza wa pili msimu mzima unatisha halafu mechi moja ya mchujo ikakurudisha ulikotoka. Klabu zenyewe zimelalamika weee ziwe tatu.

Basi Luton ya kocha John Still ikabeba ubingwa 2014 kwa pointi 101, Mpanzu akiwemo. 2018 wakapanda kutoka League Two (daraja la nne), 2019 wakabeba League One (la tatu), misimu miwili mfululizo madaraja mawili. Msimu wa kwanza Championship (daraja la pili) nusura washuke, wakapona siku ya mwisho kwa kuifunga Blackburn 3-2. 2022 wakafika mchujo wakatolewa na Huddersfield. 2023 wakarudi tena kwenye mchujo, fainali Wembley na Coventry, nahodha wao Tom Lockyer kaanguka uwanjani mechi ikiwa bado mbichi, watu roho juu, mechi ikaenda 1-1 hadi penati, Dabo wa Coventry akapaisha, 6-5, Luton hao Ligi Kuu. Na pale katikati aliyeanza ni nani? Huyohuyo garasa wenu.

Tarehe 12 Agosti 2023 akaingia dhidi ya Brighton, wakapigwa 4-1 sawa, lakini siku hiyo akawa mchezaji wa kwanza kutoka daraja la tano hadi Premier League akiwa na klabu ILEILE. Wa kwanza. Ligi ya watu ambao wameanza kupiga mpira kwa utaratibu tangu karne ya kumi na tisa huko, na hakuna aliyewahi kufanya hivyo kabla yake. Halafu mtu ambaye timu yake ya mtaa haijawahi kumpa hata jezi ya mazoezi anakaa chini anaandika "alibahatisha". Alibahatisha mara nne kwa miaka kumi? Hiyo bahati mngekuwa nayo mikeka yenu isingechanika kila Jumamosi.

Najua mtakuja na habari za Jamie Vardy, kwamba naye katoka madaraja ya chini. Vardy Vardy Vardy. Namheshimu Vardy, katoka Stocksbridge, Halifax, Fleetwood, Leicester wakamnunua, akabeba ubingwa 2016, safi kabisa. Ila angalieni tofauti, Vardy ni straika, anafunga, goli linaonekana, linarudiwa kwenye simu yako mara hamsini na kamera ya nyuma ya goli. Kiungo anayekimbia kutoka boksi hadi boksi, anaziba pale beki wa pembeni alipopanda, anapokea mpira akiwa amebanwa mgongoni na mtu wa kilo tisini huku uwanja umelowa, nani anakata klipu ya hivyo? Hakuna. Ndo maana stori yake hamuijui, siyo kwamba ni ndogo. Na Vardy alikuwa anahama kwenda juu, klabu ikibaki chini yeye anasonga. Huyu kabaki palepale na klabu ikapanda akiwa ndani yake, makocha wanakuja wanaondoka, Still, Nathan Jones, Graeme Jones, Nathan Jones tena, Rob Edwards, kila mmoja anakuja na viungo wake wapya na kila mmoja anaishia kumpanga Mpanzu. Zaidi ya mechi 350. Kocha mmoja anaweza kudanganywa, wote hao??

Halafu mnasahau huo uwanja wenyewe. Kenilworth Road, uwanja wa Luton, mashabiki wa ugenini wanaingilia mtaa wa Oak Road katikati ya nyumba za watu, mlango umechomekwa kati ya nyumba na nyumba, ukipita unapanda ngazi za chuma na chini yako unaona uwanja wa nyuma wa jirani, kamba za nguo na baiskeli za watoto. Sehemu hiyo ndo Arsenal walikuja Desemba 2023 wakaponea dakika ya 97 kwa kichwa cha Declan Rice, 4-3. Liverpool mwezi mmoja kabla walisawazisha dakika za nyongeza, 1-1. Rice mwenyewe alikuzwa West Ham, West Ham ileile iliyomuachia Mpanzu bila kujiuliza mara mbili, wao wakamuuza Rice pauni milioni 100 na ushee. Sisemi Mpanzu ni sawa na Rice, msinilishe maneno. Nasema mshahara wa ligi ile ulitosha kununua viungo dunia nzima na bado huyu alikuwa anapewa dakika.

Luton ikashuka kwa pointi 26, nafasi ya 18. Msimu uliofuata ikashuka tena, siku ya mwisho kapigwa 5-3 na West Brom. Mpanzu wakati huo keshatolewa kwa mkopo Rotherham, League One, keshapita miaka 30. Sasa kufeli kuko wapi hapo? Mtu wa miaka 30 na ushee alikuwa anacheza daraja la tatu la Uingereza, anakula mshahara wa mpira, mwili umetumika zaidi ya miaka kumi kwenye matope. Mlitaka astaafu siku ile aliyoshuka ili picha ipendeze?

Na sasa nakuja kwetu maana hapa ndo hasira yangu ilipo hasa. Mdomo huuhuu ndo mnautumia kwa Tarryn Allarakhia, mchezaji wa Taifa Stars anayecheza soka Uingereza. Kuna mchambuzi mmoja nilimsikia redioni anasema kwa sauti ya juu kabisa eti daraja la tano Uingereza ni ndondo tu, Taifa Stars isilete watu wa ndondo. Kaka, Rochdale anayochezea Allarakhia ilikaa ligi za juu za kulipwa tangu 1921 hadi 2023, imeshuka juzi tu! Kabla ya hapo kapita Crawley, Woking, Wealdstone, ameanza kuitwa Stars Machi 2024 na akawemo kwenye kikosi kilichoenda AFCON Morocco, kile kilichofika 16 bora kwa mara ya kwanza tangu tuanze kushiriki na kutolewa na wenyeji 1-0. Mmeshangilia wote, tena mmebadilisha mpaka picha za profaili, baada ya wiki mbili mtu akipoteza mpira mmoja "mrudisheni daraja la tano huko".

Mkosoeni kwa mpira, sina shida. Sema krosi zake hazifiki, sema anachelewa kurudi kukaba, sema nafasi yake kuna mtu wa Yanga au Simba au Azam ana fomu kuliko yeye, tutabishana hadi asubuhi na nitafurahi. Lakini hoja ya "anacheza daraja la ngapi" siyo hoja, hiyo ni uvivu wa kutokuangalia mechi. Mechi za National League zinaoneshwa mtandaoni kwa pesa isiyofika hata ya mikeka yako ya wikiendi moja.

Mods naomba uzi usiunganishwe na ule wa usajili. Na wale wa "kwani ana goli ngapi" kaeni mbali, nimeshasema ni kiungo.