Mjadala: Je, jaji aingilie uchunguzi wa polisi kabla haujaisha?

Wapo wanaosema kesi za kikatiba dhidi ya upelelezi ni mbinu tu ya washukiwa kununua muda. Wengine wanasema bila kesi hizo polisi wa Kenya watajichunguza na kujitakasa wenyewe. Mimi niko upande wa hawa wa pili, ingawa si kwa kila jambo.

Hoja ya wanaopinga ina mashiko. Ibara ya 245 ya Katiba ya 2010 inakataza mtu kumpa Inspekta Jenerali, yaani mkuu wa polisi, maagizo kuhusu uchunguzi wa kosa lolote mahususi. DPP, Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, ndiye aliyepewa mamlaka, katika Ibara ya 157, ya kumwagiza achunguze jambo. Jaji si mpelelezi, na hafai kuwachagulia maafisa wa DCI, idara ya upelelezi wa jinai, nani wa kuhojiwa. Lakini Ibara ya 22 inamruhusu yeyote, hata kwa niaba ya mwenzake, kwenda mahakamani haki ikivunjwa au ikiwa hatarini kuvunjwa. Haimwambii asubiri faili ifungwe kwanza.

Kumbukeni Agosti 2024, wanaume watatu walipotekwa Kitengela baada ya maandamano ya vijana. Chama cha Mawakili kilikwenda Mahakama Kuu kutaka waletwe. Kaimu Inspekta Jenerali, Gilbert Masengeli, aliitwa mara saba na hakuonekana. Jaji Lawrence Mugambi akamhukumu kifungo cha miezi sita kwa kudharau mahakama, akimwachia siku saba afike kortini kwanza, la sivyo ajisalimishe gerezani. Siku hizo hazijaisha, Tume ya Huduma za Mahakama ikalalamika kuwa walinzi wa jaji mwenyewe wameondolewa! Septemba 20 Masengeli akafika kortini, na siku hiyohiyo wale watatu wakawa huru. Mwenye kudai kesi hizi ni kelele za mawakili atueleze wangerudi vipi.

Sasa upande ninaokereka nao. Kashfa ya Goldenberg ilifyonza mabilioni ya umma mapema miaka ya 1990. Tume ikaundwa, ripoti ikatoka, kisha mwaka 2006 Mahakama Kuu ikafuta yaliyomhusu George Saitoti, aliyekuwa Makamu wa Rais, humo na kuzuia asishtakiwe. Mwenye wakili mzuri hupata amri ya muda kabla hajaulizwa swali hata moja; aliyekamatwa bila jina wala pesa hulala seli akisubiri saa 24 za Ibara ya 49, zikiheshimiwa. Mlango ni mmoja, ila wenye nguvu wamezoea kuupita mbio.

Kwa hiyo sikubali mlango ufungwe. Ninachotaka ni kubadilisha tunachokwenda kuomba. Amri ya kusimamisha uchunguzi mzima iwe adimu, na iwe na tarehe ya kukoma. Amri ya kuhifadhi ushahidi, hiyo itoke haraka, ikiwezekana siku ombi linapowasilishwa: kitabu cha OB (kile cha kuandikia matukio ya kituo), rekodi za simu, kanda za CCTV, orodha ya waliokuwa zamu. Juni 2025 mwalimu mmoja kijana alifia mikononi mwa polisi katika kituo cha Central, Nairobi. Polisi wakasema aligonga kichwa ukutani. Upasuaji wa maiti ukaonyesha alipigwa, na IPOA, mamlaka huru inayowasimamia polisi, ikawaambia maseneta kuwa mitambo ya CCTV ya kituo ilikuwa imevurugwa. Fidia baada ya miaka mitano hairudishi kanda iliyofutwa.

Najua mtasema polisi waliomkaidi jaji mara saba hawatashtushwa na karatasi nyingine. Huenda. Ila afisa aliyekabidhiwa amri yenye jina lake, kisha kanda ikapotea, atajibu yeye binafsi, hatajificha nyuma ya jina la "huduma" nzima ya polisi.

Karibuni. Mawakili mlio hapa, amri ya namna hiyo mmewahi kuipata kwa siku ngapi? Na mliofanya kazi kituoni, ni nani hasa hushika ufunguo wa chumba cha CCTV?