Tupeane uzoefu: shahidi akisema "namkumbuka vizuri", unampimaje?

Jalada Wazi
Wakuu, mnaoshughulika na maelezo ya mashahidi, mwageni ujuzi. Waongo tuwaache. Nawazungumzia wanaoapa kwa dhati na bado wakakosea.

Taa ya Chemli
Anza na mazingira, mkuu. Mahakama ya Rufani Tanzania iliyataja kwenye kesi ya Waziri Amani (ni jina la mtu, si cheo), 1980: shahidi alimwona mtu huyo kwa muda gani, umbali gani, mwanga ukoje, alikuwa anamfahamu kabla? "Kulikuwa na taa" haitoshi. Taa gani, na ilikaa wapi? Ikiwa nyuma ya mtu, uso ulikuwa kivulini. Pakiwa na panga, macho hung'ang'ania panga. Shahidi atakueleza mpini vizuri, sura abahatishe.

Nukta Mkato
Naongezea: kumbukumbu huharibika sana wakati wa kuulizwa. Mwaka 1974 watafiti wa saikolojia Loftus na Palmer, Marekani, waliwaonyesha wanafunzi filamu za ajali, wakabadilisha kitenzi tu kwenye swali. Walioulizwa kasi ya magari "yalipopondana" walitaja wastani wa zaidi ya maili 40 kwa saa; "yalipogusana", 31.8. Kwenye jaribio la pili, wiki moja baadaye, wakaulizwa kama waliona vioo vilivyovunjika. Havikuwepo! Wa "yalipopondana", 16 kati ya 50 walisema ndiyo. Wa "yalipogongana", 7 kati ya 50.

Kwa hiyo usiulize "koti lake lilikuwa rangi gani?" kabla hajataja koti. Mwache aeleze mpaka amalize, usimkatize, andika maneno yake, ndipo urudi na maswali. Na ufanye hivyo kabla mashahidi hawajakaa pamoja wakapigia stori tukio.

Fremu Tisa
Gwaride la utambulisho, yaani kupanga watu mstari ili shahidi amchague aliyemwona, ndiko wengi wanakoharibu. Huku Kenya mshukiwa huchanganywa na watu wasiopungua wanane wanaolingana naye umri, urefu na mwonekano. Ukimpanga mwenye ndevu peke yake, umeshamnyooshea kidole. Shahidi aambiwe mhusika huenda hayupo, la sivyo atachagua anayefanana zaidi. Mpelelezi wa kesi asiliendeshe. Wala asionyeshwe picha ya mshukiwa kabla ya gwaride: ataikumbuka picha akidhani anakumbuka tukio.

Jalada Wazi
Na uhakika wake je?

Nukta Mkato
Uandike palepale anapochagua, kwa maneno yake: "nadhani ni huyu". Usimwambie "umepatia". Ukimwambia, ile "nadhani" itafika mahakamani ikiwa "nina hakika kabisa", na hatakuwa anadanganya.