Tupeane uzoefu: mnaopunguza wanga, mnakula matunda gani na kwa kiasi gani?

Habari zenu wakuu. Mama yangu ana kisukari aina ya pili, na jiko sasa liko mikononi mwangu. Kliniki walimwambia apunguze wanga, wakaishia hapo. Mtaani huyu anakataza matunda yote, yule anasema tunda ni la asili, ale tu. Wote siwakubali. Gramu 100 za ndizi mbivu zina wanga karibu gramu 23, embe 15, tikiti maji 8 hivi. Parachichi lina karibu 9, lakini sehemu kubwa ni nyuzinyuzi zisizopandisha sukari. Utayawekaje kapu moja? Mama anakula kipande cha papai au pera dogo na maganda yake, basi. Nyie je? Semeni mnachokula kweli.

#2
Kwa baba shida ilikuwa juisi ya machungwa, kila asubuhi, akiamini ni dawa. Glasi moja inameza machungwa matatu hadi manne. Makapi yanatupwa, sukari yote anakunywa. Siku hizi anamenya chungwa moja analitafuna. Maneno yangu hakuyasikia, ila alipojipima saa mbili baada ya juisi akaona namba mwenyewe, aliacha.

#3
Niko Tanga. Ramadhani watu wanaogopa tende, na ni kweli, robo tatu ya uzito wake ni wanga. Lakini tende moja ni ndogo. Kinachopandisha sukari yangu ni futari: muhogo wa nazi, tambi na viazi vitamu, vyote mezani kwa pamoja. Sasa nafungua kwa tende moja na maji, nachagua kimoja kati ya hivyo, kiasi cha ngumi yangu, sahani iliyobaki ni samaki na mchicha. Jioni nzima nakaa vizuri, usingizi wa baada ya futari umeisha.

#4
Vya kutafuna je? Korosho ina wanga karibu mara mbili ya karanga. Mimi nimehamia karanga za kukaanga na vipande vya nazi.

#5
Dona ina nyuzinyuzi kuliko sembe, ila wanga haupishani sana. Punguza tonge, ongeza matembele.

#6
Mimi ni muuguzi, naomba hili msilipite. Anayechoma insulini au kumeza glibenklamidi (vidonge vya kushusha sukari) asipunguze wanga ghafla bila daktari kujua. Dozi ikibaki ileile sukari inashuka mno: jasho, kutetemeka, kuchanganyikiwa, hata kupoteza fahamu. Na mwenye figo zilizoathirika aulize kwanza kuhusu parachichi na ndizi, zina potasiamu nyingi.

#7 (mleta mada)
Asante sana muuguzi. Mama anameza hizo hizo glibenklamidi. Kliniki ijayo naenda naye, na daftari la vipimo nabeba, wakaangalie dozi kabla sijapunguza kingine.