Yaarana, Khudgarz na Billu: ipi imeujaribu urafiki kweli?

Kibatari: Wadau wa picha za Kihindi, jana tumebishana kijiweni mpaka basi. Zote tatu ni marafiki wa utotoni, mmoja anazo mwingine hana. Mi nasema Yaarana (1981), Amjad Khan anamsikia Amitabh anavyoimba, anaweka mali zake rehani ili mshkaji awe staa. Yule jambazi Gabbar wa picha ya Sholay yule, humu anakutoa machozi, na tuzo ya Filmfare akabeba.

Mama Shuu: Sasa hapo urafiki umejaribiwa wapi kaka? Fitina yote ya mjomba na mwanawe. Khudgarz (1987) ndo yenyewe, Jeetendra mtoto wa tajiri, Shatrughan Sinha kapuku, baba mtu anaingiza hila zake basi wanageuka maadui miaka na miaka, na huyo kapuku naye anatajirika kwa hasira.

Dogo_Tanga: Halafu watoto wao wanapendana wazazi wanapatana, aah tumeshaiona hiyo mara mia. Billu (2009) haina hata adui. Irrfan Khan kinyozi wa kijijini, Shah Rukh staa anakuja kushuti hapohapo kijijini, mke na watoto wanamwambia nenda kamsalimie rafiki yako, jamaa anababaika tu, anaona aibu. Wale waliokuwa hawamjali wanaanza kumganda, mkopeshaji mzima anampa kiti kipya cha saluni ili apelekwe kwa staa, wakichoka kusubiri wanamuita muongo na bado haendi 😭

Mama Shuu: Wahindi si wana ile hadithi ya Sudama, fukara anaenda kwa rafiki yake wa utotoni, mungu Krishna, na kifurushi chake cha mchele. Huyu hata kwenda kashindwa.

Kibatari: Na staa je? Hela zote zile mpaka aje kushuti ndo amkumbuke?

Dogo_Tanga: Ile hotuba ya staa shuleni, anavyomtaja rafiki yake, uliiangalia au ulishalala?

Babu Matine: Vijana mmeiruka Namak Haraam (1973). Rajesh Khanna anaingia kiwandani kwa kina Amitabh kama mfanyakazi ili amsaidie rafiki yake kuwadhibiti wa chama cha wafanyakazi, akishaona wanavyoishi anahamia upande wao. Humo hakuna cha aibu, ni njaa ya watu na bosi ndo rafiki yako.

Mama Shuu: Shikamoo babu, ila humo Rajesh Khanna si anakufa?

Babu Matine: Marahaba. Anakufa ndio, andaa leso.