Miezi mitano nahangaikia picha za zamani, kwenye filamu nimeandikwa dereva!

Wakuu salaam. Leo povu ni langu, nivumilieni.

Kuna kampuni moja ya filamu, siitaji, wenyewe wanajijua. Walinifuata mwaka jana pale Usa River, wanatengeneza filamu ya ile kesi ya ardhi ya Wameru wa hapa Arusha: watu kufukuzwa Engare Nanyuki mwaka 1951 wapishe walowezi, na msemaji wao Kirilo Japhet kwenda New York mwaka uliofuata kulishtaki suala hilo Umoja wa Mataifa. Nikaambiwa kazi yangu ni "kutafuta tu picha".

Tu! Picha ya zamani haikai mezani ikikusubiri. Unaanza Nyaraka za Taifa, Dar. Unajaza fomu, unaomba faili hili, unaletewa lile. Filamu za Uingereza unatumiwa nakala yenye nembo katikati ya sura za watu. Ukiitaka safi unalipia kwa sekunde, na bei ya kuonyesha Tanzania peke yake siyo ya kuonyesha dunia nzima. Halafu unapanda Nkoaranga, unakunywa chai nyumba tatu kabla sanduku la bati halijafunguliwa. Mimi kila picha naigeuza nyuma kwanza: muhuri wa nani, mwaka gani. Kazi yenyewe iko nyuma ya picha.

Sasa sikieni. Picha ya nyumba zikichomwa Engare Nanyuki sikuipata. Nikawaambia tusome barua za wakati ule, tuonyeshe eneo lilivyo leo. Mhariri akachomeka picha ya Kenya, ya wakati wa Mau Mau, nyuma ina muhuri wa 1954! Nilimwandikia mara tatu. Jibu: "Mtazamaji hatajua."

Hatajua nani? Waliokuwa watoto siku ile bado wapo. Kwenye uzinduzi, hapa hapa Arusha mjini, mzee mmoja aliniinamia sikioni: "Baba, hapa si kwetu." Nikakosa pa kuficha uso, maana kule Meru filamu hii inajulikana kuwa ni yangu. Mimi ndiye niliyepita nyumba kwa nyumba.

Majina yakaanza kupanda. Najitafuta kwa watafiti, sipo. Nipo kwa madereva. Leseni sina wakuu, hata baiskeli naendesha kwa dua. Na malipo nimepewa nusu, nusu "filamu ikiuzwa".

Hela nitaidai. Kinachoninyima usingizi ni bibi mmoja wa Poli aliyenipa picha pekee aliyobaki nayo ya marehemu mumewe. Tuliandikishana: siku tatu, ipigwe nakala, irudi. Saini kwenye karatasi ile ni yangu, si ya kampuni. Huu ni mwezi wa saba tangu anipe. Ofisini wanasema "iko kwenye maboksi, tunahama". Maboksi gani, wanahamia wapi, hakuna anayejua.

Bibi hunipigia kila Jumapili akitoka ibadani. Leo simu imeita mara mbili, nikaiangalia tu.