Laana inayofuta jina la mtu: itaondoka vipi bila kumdanganya msomaji?

Mwandishi_Kondele
Habari zenu wadau. Niko Kisumu, mchana nauza spea za pikipiki na usiku naandika hadithi ya ufalme wa wavuvi unaitwa Orumbe, nimeutunga mwenyewe. Huko kuna laana. Mtu akimnyima msafiri chakula na moto usiku wa mvua, jina lake linaanza kupotea midomoni mwa watu. Siku ya kwanza anasahauliwa na jirani wa mbali, kesho yake mama samaki, halafu marafiki, halafu ndugu, wa mwisho kabisa ni mama mzazi, na huyo naye akisahau basi hata mlango wa kwao haumfungukii tena, anatembea sokoni watu wanamgonga bega na hakuna anayegeuka.

Kuna mahali nimeandika mpaka machozi yakanitoka. Mama anapakua ugali, ameshika sahani tano na watoto walioketi ni wanne. Hiyo ya tano ni ya bati, imebonyea pembeni. Anaigeuza, anaigeuza tena, anajua kuna sababu aliichukua lakini sababu yenyewe haiji. Na kijana wake amesimama hapo mlangoni anaita mama, mama, na yeye anafunika sufuria.

Sasa shida iko kwa kuiondoa. Mara ya kwanza nilileta mganga akanyunyiza dawa ikaisha, nikasoma nikaona nimemwibia msomaji. Mara ya pili nikamuua yule aliyelaani, pia haijakaa. Nimekwama hapo tangu mwezi jana, nisaidieni.

Nyar_Kendu
Hiyo sahani imenigusa sana kaka. Mimi nimekulia Kendu Bay karibu na ziwa Simbi Nyaima na hadithi yako inakaribiana na ile nyanya alikuwa anatusimulia, bibi mzee aliingia kijijini usiku na njaa yake, watu wako kwa pombe wakamfukuza, mama mmoja tu ndiye alimkaribisha akamlisha akamwotesha moto. Bibi akamwambia toka hapa usiku huu huu. Mvua ikaja kijiji kikazama, ndiyo hilo ziwa, maji ya kijani yenye chumvi na flamingo wanatua hapo. Sasa angalia, hakuna mtu alitafuta dawa baadaye. Aliyepona alipona juu ya kile alichofanya mapema. Kwa hivyo hata kwako weka mtu mmoja ndani ya nyumba hiyo hiyo alimpa msafiri kitu, hata kama ni maji tu. Huyo laana haimshiki. Na awe mtoto mdogo, analikumbuka jina na analitaja kila siku lakini nani anamsikiza?

Mzee_wa_Ahero
Kijana wangu, rasimu zako zimekataa kwa sababu unatafuta mtu wa nje aje amalize. Sisi Wajaluo tuna chira, laana inayomkondesha mtu. Chira haingoji adui, mtu akivunja kwer, yaani mwiko, inamfuata yeye na inaweza kufuata hata watoto wake. Ikifika hapo wazee wanaketi wanauliza ni nini kilivunjwa, na manyasi, yaani dawa ya mitishamba ya kuiondoa, si ya mgonjwa peke yake, mara nyingi nyumba inakunywa pamoja. Sasa jiulize, usiku ule nani hasa alisema mlango ufungwe? Hujatuambia.

Na ombi moja nakuomba kwa moyo wote, usimfanye mtu wako akonde na kukohoa. Miaka ya 1980 na 1990 Ukimwi ulipotuvamia huku, wengi waliambiwa ni chira, wakakaa nyumbani badala ya kwenda hospitali, na wajane wakanyoshewa kidole. Nimezika watu wangu hivyo. Hii yako ya jina iache ibaki ya jina.

Wa_Nakuru
Nakubaliana na mzee. Mimi naongeza tu kwamba laana ipewe mahali. Huku tuna Menengai, shimo la volkano la upana wa karibu kilomita 12, na wazee husema ule mvuke ni roho za Wamaasai waliouawa vitani wakatupwa humo, zinatafuta njia ya kupanda juu. Tangu 2011 wanachimba huo mvuke wapate stima na bado kuna watu hawataki kushuka jioni. Waliosahauliwa wa Orumbe wanalala wapi?

Nasimiyu_Webuye
Mimi nashikilia jina lenyewe. Kwetu Bukusu jina limebeba majira, Wafula ni mvua, Wekesa mavuno, Wanjala njaa, Simiyu kiangazi. Wajaluo wamebeba saa, Akinyi asubuhi, Otieno usiku. Kama laana inafuta jina mbona inaacha majira yake? Tuseme kijana alizaliwa mvua ikinyesha. Jina likitoka, mvua nayo imkatae, watu wote wamelowa yeye amesimama mkavu. Na mama hata akisahau jina, ule usiku wa uchungu wa kuzaa uko mwilini mwake, mabati yalivyokuwa yakilia juu yake anayajua. Mimi nimezaa mara tatu, hiyo haifutiki.

Mwandishi_Kondele
Asanteni sana, nimesoma hizi jibu mara nne. Mzee wa Ahero, swali lako limenikosesha usingizi, maana jibu nilikuwa nalo na nilikuwa naliogopa: ni mama ndiye alisema funga. Kijana alitii tu. Nimeandika upya mpaka saa nane usiku. Kitinda mimba ndiye alimpitishia msafiri maji chini ya mlango na kifuniko cha chupa, na sasa anavuta leso ya mama anasema jina, anasema tena. Mvua inapiga mabati. Mama anatoka na ile sahani ya bati mkononi, majirani wote wamejibanza chini ya paa wanatazama, na pale uani kuna mtu mkavu. Kitu cha kwanza anasema si jina, anasema mimi ndiye nilikuambia ufunge.

Nimeachia hapo. Wa Nakuru, mahali pa kulala waliosahauliwa naanza kesho nikifunga duka.